Majembe Langoni

Jumatatu, 14 Machi 1955
Asubuhi kavu, upepo, vumbi jeupe kutoka ziwani. Nimebadilisha mashuka, nimechemsha sindano, nimeandika joto la kila mgonjwa. Saa nne Bi Zaituni, mke wa Salim fundi cherehani, alijifungua mtoto wa kiume. Kondo la nyuma halikutoka. Damu nyingi. Daktari alikuwa Rongai, kwa mkulima rafiki yake. Simu iko ofisini kwa Metroni, na ofisi hufungwa akienda kula. Nilimfuata nyumbani kwake. Akasema simu si ya manesi, daktari atarudi jioni. Nikarudi mbio. Nilikandamiza tumbo hadi mikono ikafa ganzi. Saa nane na dakika ishirini akafa, ameshika aproni yangu.

Nina hasira. Siandiki zaidi.

Jumanne, 15 Machi
Hakuna wingu. Jana jioni Salim aliomba maiti. Kwao mtu huzikwa bila kukawia. Metroni alikataa kwa kuwa daktari hajatia sahihi. Daktari alirudi, akaenda kulala.

Leo saa tatu wamekuja wanaume kama ishirini, moja kwa moja kutoka kuchimba kaburi. Jeneza mabegani, majembe mikononi, udongo bado mbichi. Nyuma yao wanawake wa kuosha maiti. Walisimama langoni wakisoma dua. Kisha shangazi wa marehemu, Bi Mwanaidi, akapaza sauti: "Mmemwacha afe, sasa mnataka aoze? Tupeni mtu wetu, tuwaachie hospitali yenu." Vijana wakatikisa lango.

Metroni akafungua ofisi. Simu ikafanya kazi. Malori mawili ya polisi yalifika kabla sijamaliza kufunga kidonda kimoja. Jana sikupata hata mtu mmoja mwenye mkoba wa dawa. Leo kikosi kizima, kulinda ukuta.

Inspekta aliona majembe, akasema silaha. Siku hizi za hali ya hatari hakuna kukusanyika bila kibali. Hata kwa msiba, naona. Salim alijitokeza kueleza, wakamkamata yeye. Daktari akatia sahihi adhuhuri, askari kila upande wake. Zaituni amezikwa mumewe akiwa seli.

Jumatano, 16 Machi
Joto. Sikulala. Inspekta ameniita. Karatasi ilikuwa imekwisha kupigwa taipu: eti niliona watu wenye silaha wakitaka kuvamia wodi, Salim akiwaongoza. Ilikosa sahihi yangu tu. Metroni akaniambia nisipotia, nitapelekwa zahanati ya Mau Narok nikafunge vidole vya wachimba viazi.

Nikaomba kalamu. Nilikata maneno yao yote, nikaandika chini yake: majembe ya kaburi, yenye udongo, lango lilitikiswa, hakuna aliyeingia, Salim alikuja kueleza, simu ilikuwa imefungiwa marehemu alipokuwa hai. Nikatia sahihi. Inspekta akasoma mara mbili.

"Wewe nesi una mdomo."

"Nimeandika tu, afande."

Naogopa. Sijuti.

Alhamisi, 17 Machi
Vumbi tena. Hakuna habari za Salim. Askari wawili langoni wanapekua vikapu vya uji. Uji.

Bi Mwanaidi alikuja kumwona mtoto. Akasema, "Mwanangu, huyu hajaadhiniwa." Sikujua desturi hiyo. Baba humsomea mtoto adhana sikioni mara azaliwapo. Nikauliza kama mwanamume mwingine hawezi. Anaweza, akasema, lakini Zaituni alitaka iwe sauti ya baba wa mtoto. Watangoja.

Siku tatu duniani, na la kwanza alilopaswa kusikia limefungiwa seli.

Ijumaa, 18 Machi
Manyunyu alfajiri. Harufu ya udongo. Barua ya Mau Narok nimeipata saa mbili, naondoka Jumatatu.

Saa tisa Salim akaja. Ameachiliwa, hakuna kesi. Shati lile lile la Jumanne. Askari wa lango alimpekua mifuko, akapata tepu ya kupimia nguo. Nilimkabidhi mtoto. Akaniuliza kaskazini ni wapi, aelekee kibla, nikamwonyesha dirisha la upande wa dobi. Akageukia huko, akainama kwenye sikio la kulia. Alisoma polepole, kwa sauti ya chini. Mtoto hakulia.

Alipomaliza alisema, "Asante, dada." Akaondoka naye.

Nimeloweka aproni mara ya tatu. Doa bado lipo. Nazima taa saa tatu na robo.