Sentensi Niliyowasomea

Nsemulwa, Mpanda
Jumatatu

Kaka Egide,

Kabla hujasoma mbele, nakuomba kwa jina la marehemu baba: neno la humu lisitoke mdomoni mwako, hata kwa shemeji, mpaka nikuruhusu mwenyewe.

Hamjambo huko Kabungu? Mgongo wa mama unaendeleaje? Na mtoto, vile vipele vimepungua tangu muache kumwogesha maji ya kijito? Mimi mwili ni mzima. Usingizi ndio sina.

Ni kuhusu shauri letu. Unakumbuka Wakili Apolinari alivyokuja wiki iliyopita uwanja wa kanisa, na mimi karani wake nyuma nimebeba faili. Aliwaambia kwamba shauri la familia kumi na nne dhidi ya mwenye mtambo wa dhahabu unaochafua kijito ni dogo mno. Tuliondoe mahakamani, kisha alifungue upya kama kesi ya maslahi ya umma, kwa niaba ya kila anayekunywa maji yale hadi bondeni. Mlipiga makofi. Nami nilipiga.

Karatasi ya kuliondoa shauri ilikuwa ya Kiingereza, akaniamuru niwatafsirie. Jirani yetu Vestina akatania kwamba mtoto wetu anatafuna Kiingereza kama karanga. Mzee Sixte peke yake hakucheka. Aliuliza kama imeandikwa humo kwamba tutaruhusiwa kurudi mahakamani. Nikamsomea kwamba tunaondoa shauri huku tukiomba ruhusa ya kulifungua upya. Akaridhika, akawa wa kwanza kuweka dole gumba.

Ijumaa nilipeleka chai ofisini. Mwenye mtambo alikuwa kwenye kiti cha wateja, amevua kiatu kimoja kama yuko kwake. Aliuliza, hawa watu wakishtuka je? Wakili akacheka, akasema wakishtuka watakuta mlango umefungwa, maana shauri likiondolewa bila ruhusa ile halirudi tena, liitwe la umma au la nani. Mgeni aliponitazama, wakili akamtuliza kwamba mimi ni kama binti yake. Kaka, ni mtu huyu aliyenipokea nilipomaliza chuo, wakati ofisi nyingine ziliuliza kwanza karatasi za uraia za wazazi wetu. Nilikuwa namwombea kila Jumapili.

Sasa nikuambie lililobaki. Sentensi niliyomsomea Mzee Sixte haimo kwenye karatasi. Nilipoichapa mara ya kwanza ilikuwemo. Asubuhi ya safari wakili aliniambia niifute, eti jaji huiweka mwenyewe. Nilijua si kweli, nimesomea. Lakini nikaogopa kazi yangu, nikafuta. Na pale uwanjani, mzee alipouliza, nikasoma nilichokuwa nimekifuta. Wakili alinisikia, akaitikia kwa kichwa kama mwalimu aliyeridhika. Amenisaliti, ila nyie mmesalitiwa kwa sauti yangu.

Jaji bado hajaipokea ile karatasi. Shauri litaitwa Alhamisi, saa tatu asubuhi. Wakili amewaambia msijisumbue kuja. Njooni wote, ila wengine usiwaambie sababu. Mzee Sixte mweleze mkiwa wawili tu, bila kunitaja, kwamba ruhusa haimo, asimame aseme hakubali liondolewe bila ruhusa ya kurudi.

Mama mpe salamu zangu, na shemeji, na wanajumuiya wote.

Usinipigie, siku hizi simu yangu hushinda mezani kwa wakili. Jumatano ukifika mjini, pitia kwa Hadia muuza vitenge, uulizie pasi ya mkaa, ndiyo ishara niliyompa. Ataniita. Alhamisi utaniona nyuma ya wakili, na faili mkononi. Jaji akiuliza nani aliwasomea, hapo nimekuruhusu. Ninyooshee kidole.

Mdogo wako,
Emelyne