Dominiko, Sehemu ya Kumi na Mbili Inaonyeshwa Ijumaa

Mwaka mzima umetimia, Dominiko, tangu ulipotutoka asubuhi ile ya Jumanne hapa Doha. Leo nimeshika kalamu kwa niaba ya nyumba yako nikiwa na mengi ya kukuambia hata sijui nianzie wapi. Wewe ungesema nianzie penye moto. Haya, moto wenyewe ni huu: sehemu ya mwisho ya tamthilia yako imeandikwa, imepigwa picha, na Ijumaa hii inaonyeshwa!

Ngoja kwanza nipumue. Wapo wasomaji wasiokujua.

Hapa Al Wakrah, mji wetu wa pembeni mwa Doha, walikuona kama yule Mbrazili mwembamba anayebishana na kila muuza samaki bandarini. Kwenu Recife, na baadaye Rio, ulikuwa Domingos Lacerda, mwandishi. Uliandika filamu tatu, na ulipenda kutuambia kwamba ya kwanza ilitazamwa na watu kumi na wanne, wanane kati yao wakiwa shangazi zako. Kisha ukaingia kwenye televisheni, ambako tamthilia huonyeshwa siku sita kwa wiki na mwandishi anaandika leo kitakachochezwa wiki ijayo. Miaka kumi na tisa uliimudu kazi hiyo. Kuna mwaka ulimuua mwokaji mikate katika hadithi, na muuza mikate wa mtaani kwenu akakataa kukuuzia hata kipande mpaka umfufue. Ukamfufua. Ikajulikana kwamba kumbe aliyezikwa ni pacha wake, nawe ukapata mkate.

Ulikuja Doha kuandika tamthilia moja ya miezi sita tu. Ukafika kliniki kwetu kupimwa presha, ukanikuta mimi, nesi niliyechoka na zamu. Nikakuambia upunguze chumvi. Ukaniuliza kwetu ni wapi, nikakujibu kwa mkato, nawe ukasema, "Halafu?" Nikaongeza kidogo. "Halafu?" Foleni ya wagonjwa imefika mlangoni, na mimi nakusimulia habari za Kapsabet na za binti yangu Chelsea niliyemwachia mama. Miezi sita ikawa miaka kumi na mitatu. Chelsea alipokuja akiwa na miaka saba, wewe ndiye uliyemsubiri uwanja wa ndege umevaa suti. Mama yangu naye akakuita Dominiko kwa sababu Domingos lilimshinda, na tangu hapo hukutaka jina jingine.

Na Ijumaa zako! Tukitoka kanisani, maana huku ibada ni Ijumaa, nyumba inajaa. Kaka yangu Philip, mlinzi kule Lusail, anakuja na wenzake. Scovia, jirani yetu Mganda anayemtunza bibi mmoja mzee, anakuja na kicheko chake. Unaoka vimkate vya jibini vya kwenu, unachemsha chai, kisha unatusimulia ulichoandika wiki hiyo kwa Kiswahili chako cha kuungaunga, macho yako yakiwa kwenye nyuso zetu muda wote. Mtu akitoa simu mfukoni, kipande hicho kinafutwa. Siku moja Philip alitoa yake kumjibu bosi wake tu, na daktari wa watu asiye na kosa akapotea kwenye hadithi.

Ndivyo ulivyoandika kazi yako ya mwisho, tamthilia ya Faridah, msafishaji wa vyumba katika hoteli ya The Pearl, ambaye hajakanyaga kwao miaka tisa. Sehemu ya kumi na moja inaisha akiwa uwanja wa ndege, tiketi mkononi. Nje, Harun, dereva anayempenda, yumo ndani ya gari na hajazima injini. Je, Faridah atapanda ndege au atarudi nje? Hapo ndipo moyo wako ulipochoka, ukatutoka. Sehemu ya kumi na mbili haikuwa na hata mstari mmoja.

Hatujaanua matanga, kampuni inayotengeneza tamthilia ikapiga simu. Walikuwa na adabu, sina neno nao. Lakini walitaka sehemu ya mwisho katika wiki tatu, na tusipokuwa nayo wangempa mwandishi mwingine aimalizie, mtu ambaye hajakuona hata siku moja. Niliona giza. Kazi yako ya mwisho, imaliziwe na mgeni! Nikawaita wote mezani.

"Msiogope, mwisho naujua," nikasema. "Aliniambia mimi peke yangu, na akaniapisha."

Philip akaweka kikombe chini. "Dada, pole, lakini shemeji aliniambia mimi. Na aliniapisha pia."

"Banange!" Scovia akaruka kitini. "Na mimi je? Mimi aliniapisha kwa jina la mama yangu!"

Mjanja wewe! Ulishatuambia kwamba kwenu mwandishi huficha mwisho hata kwa waigizaji, anaandika miisho mitatu minne ili magazeti yasiunuse. Kumbe sisi ndio tuliokuwa magazeti. Mimi uliniambia Harun anakata tiketi na wanaondoka wote wawili. Philip, ambaye hajaenda nyumbani miaka minne, ulimwambia Faridah anapanda ndege bila kugeuka nyuma. Scovia ulimpa tiketi iliyochanwa na harusi ya kufa mtu.

"Harusi? Zii!" Philip akafoka. "Na mamake anamngoja huko nyumbani? Hiyo story haiwezi."

"Wewe umeshawahi kupendwa?" Scovia akamuuliza.

Tulibishana mpaka sauti zikakauka. Nami, mjane mzima, nilikuwa nikipiga meza. Chelsea peke yake hakuwa ametaja mwisho wake, hata nikamgeukia. "Na wewe, babako alikuambia mwisho gani?"

Akaanza kulia. "Aliniambia hajui," akasema. "Aliniambia, 'Chelsea, mimi mwisho sijui. Wewe unaonaje?' Nikamwambia anipe siku chache nifikirie. Akafa nikiwa bado nafikiria."

Hapo sote watatu tukaelewa. Kila mmoja wetu ulimpa mwisho aliokuwa na njaa nao, ukatusoma nyuso, na bado hukuupata ulioutaka. Ukweli ulimwambia binti yako. Niliona wivu, Dominiko, sifichi. Kisha nikafurahi mpaka nikaona haya kufurahi msibani.

"Basi utaandika wewe," nikamwambia.

"Mama, mimi nasomea kompyuta!"

"Na yeye alisomea sheria," Philip akasema. "Andika."

Akaandika. Ijumaa ya kwanza alitusomea, na Philip akatoa simu makusudi, akaiwasha kabisa. Chelsea akazichana karatasi na kujifungia chumbani kwa hasira. Ijumaa ya pili Scovia alikuwa anatazama nje dirishani. Ya tatu tulikaa bila kujitikisa mpaka neno la mwisho, kisha Scovia akanikumbatia na Philip akaenda kunawa uso. Laiti ungemwona binti yako! Alikuwa anatutazama nyuso, mmoja mmoja, kama ulivyokuwa ukifanya.

Kesho yake aliipeleka mwenyewe kwenye kampuni. Fiona, msimamizi wa waandishi pale, aliisoma amesimama, akaketi, akairudia. Kisha akafungua faili lako, ambamo hakuna mtoto aliyeandikwa. "Samahani, mdogo wangu," akamuuliza, "na wewe ni nani wake?"

"Mimi ni binti yake," Chelsea akasema. "Naomba niandikwe hivyo."

Basi Ijumaa yatatokea majina mawili kwenye kioo: Domingos Lacerda, na chini yake Chelsea Jebet Lacerda. Jina lako hilo hajawahi kulitumia, hata shuleni. Aliponionyesha nilipiga kigelegele, majirani wakagonga ukuta.

Nyumba haikaliki kwa shauku! Philip amebadilishana zamu na watu wawili. Scovia amepewa ruhusa, tena yule bibi anayemtunza anataka kuja naye. Mama anapiga simu kutoka Kapsabet kila siku kuuliza kama Faridah anarudi kwao au harudi. Hatumwambii. Tumeapa, na safari hii wote tunaujua mwisho mmoja.

Hata wewe hatukuambii, Baba Chelsea. Ulitudanganya watu wazima watatu, kila mmoja peke yake, huku unatujazia chai. Tafuta mahali pazuri huko uliko, ukae, usubiri Ijumaa kama watu wengine. Utaupenda, nakuapia. Mimi nimeusoma mara kumi na moja, na kila mara nalia na kucheka mahali palepale.

Unakumbukwa na mkeo Rael. Binti yako na mwandishi mwenzako Chelsea. Shemeji yako Philip. Jirani yako Scovia. Mama mkwe wako Jerusha wa Kapsabet. Na dada zako, pamoja na shangazi wote wanane, kule Recife.

Hakuna Ijumaa tutakayokaa bila kukutaja.