Kilio Nilichomfunza Sayaka

Lindi, Kibera
Jumapili

Dada Aketch,

Sisi tuko sawa. Mvua imeng'oa bati moja, na landlord anasema tu atakuja.

Umeniuliza mbona sikulia kwa mazishi ya Mama. Unamkumbuka Sayaka, yule Mjapani aliyekuja hapa kuigiza filamu yake ya kwanza? Hakujua kulilia maiti. Nilimfunza wiki mbili, kushika kichwa na kuita jina la marehemu. Nilikosa jina, nikaita la Mama kila siku, na yeye alikuwa mzima.

Jana rafiki yangu Jackie alinionyesha hiyo filamu kwake Kawangware. Sayaka analia, "Mama Turphosa, umeniacha na nani?" Jackie akapangusa macho. Mimi nikamaliza chai yangu.

Salimia watoto.

Mdogo wako,
Rosebella