Marahaba Niliyomwitikia Saidi

Mkuyuni, Jumatano

Wakili anayemtetea Saidi kwenye rufaa hakugusa hata kovu langu. Alishika jambo moja tu: alfajiri ile nilipokatwa panga njia ya shambani, majirani walikuja mbio, na Saidi wa nyumba ya pili akiwemo. Akaniamkia, "Shikamoo, mama." Nikaitikia marahaba.

"Mheshimiwa Jaji, nani huitikia salamu ya aliyemkata?"

Mimi! Nilikuwa chini, damu inanitoka, naye kanisimamia. Mdomo uliitika wenyewe. Nilimtaja siku ya tatu, nikiwa hospitali mjini, mbali naye.

Kulikuwa na ukungu, sawa. Lakini uso niliuona. Niliuona, jamani.

Hukumu ni Ijumaa. Akiachiwa, atapita hapa mlangoni na kuniamkia. Nami najijua, nitaitikia.