Amri ya Nguo Nyeusi

Njia ya mlimani, chini ya Ausangate
Aprili 1782

Kaka yangu Melchor,

Pokea salamu zangu mimi dada yako Feliciana, pamoja na za Shangazi Asencia, ambaye anasema kama kikohozi kimekuachia usilisifu joto la huko bondeni, sifu majani ya koka unayotafuna. Sisi tu wazima. Viazi vimekubali mwaka huu, baridi imeanza kuuma, na yule lama wako mwenye sikio moja bado anawatemea wageni mate. Natumaini na wewe u mzima na mbu wamekubakizia damu kidogo. Usinicheke mwandiko. Naandika juu ya jiwe, vidole vimekufa ganzi, na Santos mbeba koka anapumzisha lama zake huku akinihimiza.

Ujumbe wako alinifikishia yeye. Umesema umechoka kujificha, umesikia serikali ya mfalme inatoa msamaha, na unataka kurudi sikukuu ya Korpus Kristi upige magoti uwanjani, uape kumtii mfalme, kisha uje nyumbani ulale kitandani pako. Umeniomba jibu la ndiyo au hapana. Jibu utalipata, lakini nisikilize kwanza.

Tangu Wahispania walipomuua Inka, mfalme wetu, kule Cusco, amri zinatushukia kama mvua ya mawe. Walianza na makombe ya baharini tunayopuliza kuitana. Yalikusanywa yakavunjwa kwa nyundo mbele ya kanisa. Zikafuata picha za wafalme wetu wa kale, hata ile iliyokuwa kwa mzee Yawar, ambayo ilikuwa imefifia hadi hujui ni Inka au ni kuku. Kisha, baada ya Pasaka, ikaja ya nguo nyeusi. Karani wa mkuu wa wilaya alisimama kwenye ngazi za kanisa akasoma kwamba ni marufuku mwanamke kuvaa nyeusi kuwalilia Mainka, kwa sababu huko ni kuasi kimyakimya. Ninyi mlipigana kwa kombeo na mikuki. Sisi tulikuwa tumevaa shuka za bibi zetu tu, na kumbe zilikuwa zinamnyima mfalme usingizi ng'ambo ya bahari! Nilicheka, kaka, mpaka Shangazi akanifinya.

Lakini amri ilikuwa na mlango. Anayemlilia maiti wake mwenyewe aliruhusiwa kuvaa nyeusi mwaka mmoja, mradi amtaje marehemu. Hapo ndipo walipojikwaa. Baada ya vita vile, ni nyumba gani isiyo na maiti?

Jumapili iliyofuata hakuna mwanamke aliyekuja na rangi nyingine. Karani akaweka meza uwanjani, tukapita mmoja mmoja. Shangazi alipoulizwa anamlilia nani, alijibu anamlilia mumewe. Karani akauliza mume yupi, maana alikuwa amenong'onezwa kwamba waume zake walikufa zamani. Shangazi akamwambia, "Ninao watatu, baba, nawalilia kwa zamu. Wa kwanza mlimpeleka machimboni Potosi na hakuna aliyekuja kuniambia amekufa lini. Labda wewe unajua? Niambie, nianze kuhesabu huo mwaka wenu." Karani akainamia meza yake. "Pita, mama," akasema.

Ikaja zamu yangu. Wazazi wetu walikwisha kutangulia, mume sina, na vita havikuniachia maiti hata mmoja wa kumtaja. Aliyekuwa amesimama nyuma ya karani, akimnong'onea huku anachekelea, ni jumbe wetu mpya. Ni Fermin Yapu. Ndiyo, Fermin yuleyule uliyekuwa ukigawana naye kiazi kimoja. Wamemvika kofia ya jumbe na kumwahidi mashamba yetu ya juu siku atakayokutia mikononi mwao. "Vua, dada," aliniambia kwa lugha yetu. "Hiyo rangi haikupendezi."

Sikuvua. Nilitaja jina, karani akaniruhusu nipite. Jina hilo nitalifikia. Kwanza ujue habari za Blas, mtoto wa mfinyanzi.

Blas alirudi Krismasi kuchukua huo msamaha. Alipiga magoti, akaapa, padri akamwekea mkono kichwani, watu wakamkumbatia. Akarudi shambani kwao. Kulipokuwa na ngoma za kanivali, askari wakaja kwa adabu kabisa wakasema kuna swali dogo tu anatakiwa alijibu Cusco. Mama yake alimfuata na mfuko wa mahindi ya kukaanga. Alimkuta njia panda, kichwa peke yake juu ya mti. Mama Blas naye anavaa nyeusi sasa, na hakuna karani aliyethubutu kumuuliza kwa nini. Huo ndio msamaha wao, kaka.

Kwa hiyo jibu langu ni hapana. Usije. Na hata ukitaka, huwezi tena, kwa sababu umekufa. Jina nililolitaja pale mezani ni lako.

Nilimwambia karani umefia hapa mlimani ukikimbia, na wachungaji wa lama walikuona ukitumbukia kwenye ufa wa barafu. Karani alifurahi, maana maiti hahitaji kusakwa. Fermin ndiye aliyepiga kelele akidai mwili. Nikamjibu kwamba asiyepatikana huzikwa nguo zake, na yeye kama si mgeni kwao anajua. Tulilijaza nyasi joho lako jekundu la poncho, tukalilaza kaburini na koka na mahindi. Padri alikataa kumwombea mwasi, basi Shangazi akakuombea mwenyewe, na humo ndani ya dua akawapitisha Mainka wote tangu wa kwanza, hakumruka hata mmoja. Siku ya tano tulishuka mtoni kufua nguo zako zilizobaki, kijiji kizima tukiwa weusi kuanzia kichwani. Nililia, Melchor. Nilijua u hai na bado nililia hadi nikashikwa mkono, kwa kuwa mlango wa kwetu nimekufungia mimi mwenyewe.

Na pale mtoni nusura yote yaharibike. Fermin alikuja na karani, akaonyesha kidole mbwa wako Wayra, aliyekuwa anakunywa maji bila habari. "Mwongo huyu dada yake!" akasema. "Nani kwetu huvuka mto wa wafu bila mbwa wake mweusi? Melchor kama kafa kweli, mbwa wake anangoja nini hapa?" Mhispania asingelijua hilo miaka mia, lakini kikulacho ki nguoni mwako. Nilikuwa nimekuzika na kumsahau mbwa! Karani akaanza kunitazama upya.

Nikasema jumbe ana haki, nimechelewa kwa huruma tu. Nikasema nitampandisha mlimani mpaka ulipofia nimuue hapohapo, asije akakupotea njiani. Fermin akasema atakuja kushuhudia kwa macho yake. Ndipo Shangazi akamgeukia kwa upole, kama anayempa uji. "Njoo tu, mwanangu. Ila anayetazama mbwa akimfuata bwana wake, marehemu humdhani naye ni msafiri, akamshika mkono." Fermin ana kofia ya mfalme, lakini ndani ya kofia kuna kichwa cha kwetu. Leo asubuhi amesema mguu unamuuma.

Basi nimepanda peke yangu na Wayra. Yuko hapa, amelalia shuka langu jeusi, anamkoromea lama wa Santos. Nitarudi kijijini na kamba tupu, na watu watalia tena. Yeye anakuja kwako pamoja na barua hii. Ukifika mstari huu atakuwa amekwisha kukulamba uso, kwa hiyo nisamehe kama nimekueleza usichohitaji kuelezwa.

Shangazi anakupa pole kwa msiba wako. Anasema pia mwaka wangu wa nyeusi ukiisha nisiwe na wasiwasi, yeye amepanga kufa mwakani ili nisikose mtu wa kumtaja, na baada yake tutaona. Msalimie kila mtu wetu aliyejificha huko, uwaambie kwetu hakuna aliyevua. Santos amesimama, lazima nifunge.

Mashamba ya juu nitayalima mimi, na Fermin atayaona kwa mbali. Huku nyuma una kaburi zuri, nalitunza. Mbele yako ni ule mto mkubwa wa huko bondeni, na waliouvuka wanasema ng'ambo yake hakuna mkuu wa wilaya wala ngazi za kusomea amri. Wafu wote huvuka, kaka. Mbwa unaye. Vuka.

Ni mimi dada yako niliyekuzika,
Feliciana Cusihuaman