Mistari Mia Mbili na Arobaini

Jumanne, 2 Agosti 1977

Barua ya benki imefika leo. Nimeifungulia pale mlangoni pa wodi ya wazazi, glavu bado mkono mmoja. Karatasi moja tu. Deni lililobaki hadi 30 Juni: Sh. 29,437.

Nimeisoma mara tatu. Kila mwezi wananikata 270 kabla sijaushika mshahara. Miezi kumi na miwili! Ni 3,240. Nilikopa elfu thelathini, toa hiyo — ibaki 26,760. Wamekosea. Kuna mtu amechanganya karatasi yangu na ya Febronia mwingine.

Saa nane mchana mama mmoja wa Old Shinyanga akajifungua mapacha. Nikaandika uzito wa kwanza kwenye kadi ya wa pili. Sijawahi kukosea hivyo miaka kumi na tano! Nikafuta, nikaandika upya.

Nimerudi nyumbani nikakaa kizingitini bila kufungua mlango. Nyumba yangu. Vyumba viwili, jiko na bati jipya. Dari bado. Chumba cha mwanangu Limi kina msumari mmoja ukutani, aliupigilia mwenyewe likizo ya Juni, atundike sare ya shule.

Kesho benki.

Jumatano, 3 Agosti

Hawajakosea.

Karani ni kijana mpole, tai nyembamba. Sikuweza hata kumgombeza. Akafungua jalada langu, akageuza mkataba upande wangu. Sahihi yangu ile pale, nzuri, ya kujivuna. Akasema kila malipo yanakata riba kwanza, kinachobaki ndicho kinapunguza deni. Nikamwambia mimi nilielewa riba ni tisa kwa mia. Tisa kwa mia ya elfu thelathini ni 2,700, basi, nalipa 32,700 tunaachana.

Akanitazama kama ninavyowatazama akina mama wanaosema mimba ina miezi kumi na mitatu.

"Tisa kwa mia kila mwaka, mama. Ya deni lililopo. Miaka ishirini."

Nikauliza mwisho ni lini. Juni 1996. Nikamwambia mimi nimezaliwa Novemba 1938, serikali inanistaafisha Novemba 1993. Akasema hilo lisinisumbue, kiinua mgongo kitamalizia deni. Alitaka kunituliza, maskini.

Kiinua mgongo! Miaka thelathini ya kukesha na wazazi, ikamalizie deni.

Sijala.

Ijumaa, 5 Agosti

Leo nimemfuata Maduhu, karani wa mishahara hapo hospitali. Ndiye anayenikata hizo 270, basi anieleze! Akacheka, akavuta kiti. Mtu mzima, kichwa cheupe, anaandika tarakimu kama anapanda mbegu.

"Mwezi wa kwanza ulikuwa na deni kiasi gani?"

"Elfu thelathini."

"Tisa kwa mia kwa mwaka ni 2,700. Gawa kwa miezi kumi na miwili."

"Mia mbili ishirini na tano."

"Ukalipa ngapi?"

"Mia mbili sabini."

Akanisogezea kalamu, nitoe mwenyewe. Arobaini na tano. Katika 270 za Julai mwaka jana, shilingi arobaini na tano tu ziligusa deni. Nilikuwa nimeacha kununua sukari mwezi ule, nikijisifu kwamba nalipia nyumba. Nilikuwa nalipia ruhusa ya kudaiwa.

Maduhu akasema hakuna wizi hapo. Mwezi wa pili riba inapungua kidogo, deni linamegeka zaidi kidogo, hivyo hivyo hadi mwisho. "Mwanzoni unalisha riba. Mwishoni unalisha nyumba. Shida yako ni mwanzo mrefu."

Nikamwomba anihesabie yote. Akakataa! Akanipa rejista tupu yenye mistari. "Andika mistari mia mbili na arobaini kwa mkono wako. Hesabu ya mtu mwingine hutaiamini."

Wabeja, Maduhu, asante kweli. Nilitamani kumpiga na hiyo rejista.

Jumapili, 7 Agosti

Nimekosa misa. Mstari wa 71. Nikikosea senti, zote za chini zinaharibika. Nimerudia kuanzia 40 mara mbili.

Jirani kaniita kuchambua dagaa. Nimesema naumwa kichwa. Si uongo.

Alhamisi, 11 Agosti

Nimemaliza! Macho yanawasha.

240 mara 270 ni 64,800. Nyumba ya elfu thelathini nailipia mara mbili na zaidi. Hiyo nimeikubali, nikainywea maji. Kilichoniumiza ni mstari wa 168. Nilipofika pale deni ndiyo kwanza limeshuka hadi elfu kumi na tano. Nusu! Miaka kumi na minne ya kulipa ili kufika nusu. Limi atakuwa na watoto. Na siku nitakapostaafu nitakuwa bado nadaiwa 7,400 na kitu.

Nikampelekea Maduhu. Akapitisha kidole mstari kwa mstari, akakuta kosa moja la senti kumi. Halafu akasema jambo ambalo limenifanya nisitulie kwenye kiti hadi sasa. Aliniuliza, ukipata leo elfu tatu ya ziada, ukaitia yote kwenye deni, deni litakuwa ngapi? Nikasema 26,437. "Litafute humo." Nikatafuta. Liko mstari wa 62 kwenda 63. Mimi sasa niko wa 12.

"Basi umeruka mistari hamsini," akasema. "Ifute."

Hamsini! Kila mmoja una 270. Elfu tatu inafuta 13,500. Ningemaliza Aprili 1992, bado niko kazini, kiinua mgongo chote changu. Lakini lazima iwe sasa, huku juu ambako mistari imejaa riba. Elfu tatu hiyo hiyo nikiileta mwaka wa kumi na tano haifuti hata nusu ya hapo.

Nina ng'ombe saba Ushirombo, kwa Baba. Nilianza na mitamba wawili mwaka 1969, kwa mshahara wangu. Watano kwa mia sita mia sita — elfu tatu.

Nimezunguka nyumba mara nne. Nimefagia uwanja uliofagiliwa.

Jumatatu, 15 Agosti

Sikukuu ya Kupalizwa Mama Maria. Natoka kanisani, namkuta nani kizingitini? Cornel! Mdogo wangu, vumbi hadi kwenye kope, viatu amevifunga kwa waya.

"Shikamoo dada."

"Marahaba. Kuna msiba?"

Hakuna msiba. Alikula ugali wa watu watatu ndipo akasema. Ameacha kuchunga tangu Mei, ng'ombe amemwachia Baba. Yuko na wenzake watatu huko porini kuelekea Bulyanhulu, wanachimba. Duara lao, shimo lenyewe, limefika mita kumi na mbili, mwamba wenye dhahabu wameuona kwa macho, halafu maji yakaingia. Wanataka pampu. Kuna moja inauzwa Kahama. Fungu lake elfu tatu.

Elfu tatu! Nilicheka, akadhani namdharau.

"Dada, uza wale ng'ombe. Nitakurudishia mara tatu kabla ya masika."

Nikamwambia wale ng'ombe wana kazi. Nikaleta rejista, nikamwonyesha mistari. Hakutazama. Akasema nalipia nyumba ambayo tayari naishi ndani, sasa haraka ya nini? Nikamwuliza na kama mwamba ukikata, dhahabu ikaishia hapo? Akasema alikuwa mgodini Geita hadi siku walipoufunga, jiwe analijua. Nikamwambia Geita nako walilijua jiwe.

Hapo akasukuma sahani pembeni. Nilijuta kabla sijamaliza kusema.

Akalala chumba cha Limi. Amekohoa sana.

Jumatano, 17 Agosti

Cornel ameondoka jana na basi la Kahama. Hakuaga vizuri. Nina hakika amekwenda kwa Baba, anitangulie.

Nimeomba ruhusa ya siku saba. Muuguzi mkuu akauliza sababu. Nimesema mambo ya nyumba. Akasema kila mtu ana mambo ya nyumba. Amenipa siku tano.

Ijumaa, 19 Agosti

Ushirombo. Basi lilikufa mara mbili kabla ya Kahama, nimemalizia na lori la pamba. Mgongo!

Nilivyodhani ndivyo. Cornel ameketi uani kwa Baba kama mwenye kesi anayesubiri mwenzake. Baba amezeeka tangu Pasaka. Ndiye anayechunga sasa, na goti lake lile bovu.

Nikampigia magoti. Hakutaka kusikia habari usiku. "Kesho mnadani tuuze kwanza. Hela ikiwa mkononi watu husema ukweli."

Jumamosi, 20 Agosti

Wameuzwa watano. Mnada ulikuwa umechangamka, wachuuzi wa Mwanza wamekuja. Mtamba wangu mwekundu mwenye baka jeupe shavuni alitoa 680. Alinitazama, au niseme alitazama upande wangu. Fahali mdogo 510 tu. Jumla elfu tatu na ishirini. Ishirini tumelipa ushuru.

Mchuuzi alihesabu noti thelathini za mia. Nilinyoosha mkono. Akampa Baba! Nikasema ng'ombe ni wangu. Mchuuzi akasema mama, mimi nimeuziwa na mzee. Baba akaziweka mfuko wa ndani wa koti, akafunga kifungo.

Tumerudi nyumbani kwa miguu, watatu, Baba na koti lake mbele.

Jumapili, 21 Agosti

Baada ya misa Baba ametuketisha uani. Koti bado kalivaa, jua lote hili.

Akamwambia Cornel aanze. Cornel akasema yake: maji, mwamba, pampu. Alisema vizuri, bila kupamba. Halafu zamu yangu. Baba hasomi, rejista ingemsaidia nini? Nikaomba mahindi. Nikahesabu punje mia tatu kwenye ungo, kila moja shilingi mia. "Hili ndilo deni, Baba." Nikahesabu nyingine thelathini na mbili kiganjani. "Hizi nimelipa mwaka mmoja." Ishirini na saba nikawatupia kuku. Zilizobaki, tano, nikatoa tano kwenye ungo.

Baba akatazama kuku, akatazama ungo.

"Mwaka mzima?"

"Mwaka mzima."

"Na mwaka huu?"

"Kuku watakula ishirini na sita."

"Wewe! Hao kuku unawafuga wewe au wanakufuga?"

Cornel alicheka, mara ya kwanza tangu Shinyanga. Nikaeleza mistari hamsini. Nikaeleza Novemba 1993. Baba akaelewa kuliko mimi nilivyoelewa benki, maana aliuliza swali moja tu: ukichelewesha elfu tatu hii mwaka mmoja, kuku wanazidi kula? Nikasema ndiyo.

Nilidhani nimeshinda. Nakiri, moyo uliruka.

Ndipo akageuka. "Febronia. Miaka minane mwenzako amechunga ng'ombe wako. Mvua yake, nyoka wake, kikohozi chake hicho. Kwenye hilo daftari lako umemwandika mstari wa ngapi?"

Hayumo. Mimi niliyeandika mistari mia mbili na arobaini bila kuruka senti! Nilikuwa namletea sabuni Krismasi na shati. Nilidhani tumemalizana.

Baba akafungua kifungo, akazipanga noti zote thelathini juu ya mkeka, akaweka kijiwe juu zisipeperuke.

"Cornel, chukua ujira wako. Si pampu. Ujira wa kuchunga. Chukua unachoona ni haki, dada yako ataondoka na kinachobaki. Hakuna atakayesema neno."

Cornel akasema Baba, mimi sikuja kudai ujira. Baba akasema ndiyo, ulikuja kuomba, sasa nakupa ruhusa kudai.

Akajisogeza kwenye mkeka. Akachukua moja moja, bila haraka, anaziweka gotini. Kumi na moja.

Nilivuta rejista nikasema naangalia kitu. Zinabaki 1,900. Deni linakuwa 27,537. Mstari wa 46. Nimeruka thelathini na minne. Agosti 1993 — miezi mitatu kabla ya kustaafu. Inafika! Nikaangalia na mistari ya juu yake. Akichukua kumi na mbili namaliza Oktoba. Kumi na tatu, Novemba, mwezi wenyewe. Kumi na nne, nimevuka, wanaanza kunikata kwenye kiinua mgongo.

Sijamwambia. Naona si haki kumwambia. Naandika haya nimeinamia daftari, wanadhani bado natafuta mstari.

Cornel hajui kumi na tatu ni nini. Anazitazama zile za gotini, anakunja midomo kama alivyokuwa akifanya utotoni tukigawana nyama. Amekohoa. Baba amemwuliza taratibu, "Zimetosha, mwanangu?"

Ameinua kijiwe —

Amechukua moja.

Ya pili, ya kumi na tatu, ameishika pembeni kwa vidole viwili, ananitazama mimi —