Hesabu Alizoniachia Mume Wangu

Maparoni, Jumatano, Mfungo Tisa, baada ya magharibi

Amerudi, alhamdulillahi, na mama yake yu mzima. Tangu alipokwenda Mahege kumtoa vitani, nimekuwa nikisikia bunduki za Wadachi hata zisipolia. Habari za dada yangu wa Mbwara bado hatuna.

Kabla ya kuondoka aliniandikia hesabu mbili kwenye ubao wake wa chuoni. Ya kwanza: kitu na tatu ni sawa na kitu hicho hicho na tano, kitu ni ngapi? Nilijaribu namba hii na ile, na kila mara upande mmoja ulizidi kwa mbili. Nikaudhika, nikadhani hofu imenimaliza akili. Jana, nikipepeta mchele, nikaona kwamba ukikiondoa kitu pande zote mbili, inabaki tatu sawa na tano. Haiwezekani. Hesabu ile haina jawabu.

Ya pili ilikuwa kinyume chake: kitu na mbili, vyote mara mbili, ni sawa na kitu mara mbili, ukaongeza nne. Hapo namba yoyote utakayoiweka inakubali.

Nilipomweleza akacheka. "Ndivyo, Mwanahawa. Nilitaka uwe na la kukushughulisha."

"Nilizimaliza jana," nikamwambia. "Leo nilikuwa naangalia njia tu."

Mama mkwe, aliyekuwa akila nasi, akanisogezea sahani ya samaki.

"Kula, mwanangu. Huyu njia nzima hakuwa na habari nyingine ila wewe."